Umelipia Nyongeza, Mlango Uko Wapi?

Shadow of the Erdtree, nyongeza ya gemu la Elden Ring, ilitoka tarehe 21 Juni 2024 kwa bei iliyokaribia dola 40 za Marekani, na ndani ya siku tatu nakala zipatazo milioni 5 zilikuwa zimeuzwa. Lakini kulipa na kupakua hakukutosha. Mchezaji alitakiwa awe amekwisha kumuua Radahn, jemadari aliyezizuia nyota zisisogee angani, na Mohg, Bwana wa Damu, aliyejificha chini kabisa ya ardhi ya mchezo. Kisha afike kwenye kifukofuko kilichopo katika makao ya Mohg, azungumze na mhusika aitwaye Leda anayesubiri hapo, na auguse mkono uliokauka unaoning'inia nje. Ndipo ardhi mpya ilipofunguka. Kabla ya siku ya kutoka, rekodi za mafanikio katika duka la Steam zilionyesha kwamba wachezaji waliokwisha kumshinda Mohg walikuwa chini ya asilimia 40. Hata ukiwaondoa walioacha mchezo mapema na wasiokuwa na nia ya kurudi, bado kulikuwa na umati wa watu ambao, wakilipa siku hiyo, wangesimama nje.

Nyongeza, au DLC kama wachezaji wenyewe wanavyoiita, ni sehemu mpya inayouzwa baada ya gemu lenyewe kutoka: ardhi mpya, maadui wapya, hadithi mpya. Katika gemu la ulimwengu wazi, ambamo mchezaji huzurura atakako, ardhi hiyo lazima iunganishwe mahali fulani na ile ya zamani. Mtengenezaji ndiye anayeamua mlango uwe wapi, nani auone, na mtu awe amefanya nini kabla ya kupita. Waandishi wa mapitio huutaja mlango huo kwa sentensi moja ya maelekezo, kisha huendelea kusifu au kulaumu kilichomo ndani. Naona unastahili zaidi ya hapo, kwa sababu hapo ndipo muuzaji na msanii, wanaofanya kazi chini ya paa moja, wanataka mambo mawili tofauti. Muuzaji ameshapokea hela; msanii bado anataka mnunuzi aonyeshe kwamba anastahili kuingia. Hoja yangu ni kwamba msanii ana haki ya kuweka kufuli, hata kufuli gumu, lakini jasho la kulifungua ni sehemu ya bei, na bei hutajwa kabla ya malipo. Na pale ambapo hadithi haidai kufuli, mnunuzi apewe njia ya pili.

Nianze na haki ya msanii, maana inadharauliwa kirahisi. Asiyefika mwisho wa Shadow of the Erdtree na anayetaka kuutunza mshangao wake airuke aya hii. Adui wa mwisho wa nyongeza hiyo ni Radahn yule yule, amerudishwa na nusu-mungu Miquella awe mwenzi wake, na mwili aliorudishiwa ulikuwa wa Mohg. Yaani wale wawili aliowaua mchezaji ili apate kuingia ndio waliotumika kumtengeneza adui anayemngoja mwisho wa safari. Sharti la mlangoni, ambalo kwa miezi lilionekana kama kikwazo cha kawaida cha kupima nguvu, linageuka kuwa tukio la kwanza la hadithi: mchezaji alikuwa akimfanyia Miquella kazi bila kujua. Hidetaka Miyazaki, mkurugenzi wa mchezo, na wenzake wa studio ya FromSoftware hawakuchagua maadui wawili wagumu kwa kubahatisha. Mtu angepewa mhusika aliyetengenezwa tayari, mwenye kumbukumbu ya vifo ambavyo mkono wake haukuvitenda, ufunuo huo ungemfikia kama habari ya watu wengine. Kwa hiyo siungani na waliodai kwamba kufuli lile lilikuwa dharau kwa wateja.

Kuna utetezi mwingine wa kufuli hilo ambao ni dhaifu zaidi: kwamba mchezaji lazima kwanza akusanye nguvu. Elden Ring lenyewe linaupinga. Ndani ya Nchi ya Kivuli, ardhi mpya ya nyongeza hiyo, leveli alizopanda mtu nje hazimkingi sana. Nguvu mpya hutokana na vipande vya mti wa Scadutree vilivyotawanywa katika ardhi hiyo hiyo, na faida yake haivuki mpaka. Mchezaji wa leveli kubwa asiyevitafuta hupigwa vibaya, na wengi walipigwa hivyo wiki ya kwanza, wakalalamika, hadi studio ikatoa sasisho lililoongeza nguvu ya vipande vya mwanzo. Hapo tunaona kwamba watengenezaji walikuwa na mizani yao ndani ya nyongeza yenyewe. Kilichobaki kuhalalisha kufuli ni hadithi peke yake, na hadithi hiyo ilitosha. Tena masharti yalitangazwa hadharani kabla ya siku ya kutoka, na mchapishaji, Bandai Namco, akawakumbusha wachezaji wamalize kazi hiyo mapema. Mtu aliyenunua alikuwa na nafasi ya kujua anachoingia.

Mfano ulio tofauti kabisa na Elden Ring ni The Witcher 3, gemu la studio ya CD Projekt Red ya Poland lililotoka Mei 2015. Nyongeza yake ya kwanza, Hearts of Stone, ilifuata Oktoba mwaka huo, nayo huanza kwa kazi iliyotangazwa na Olgierd von Everec, mtu wa ukoo wa kikabaila anayeficha mkataba wa kutisha. Ya pili, Blood and Wine, ilitoka Mei 2016, na huanza pale wajumbe wa dola ndogo ya Toussaint wanapomtafuta mhusika mkuu, Geralt, huko Velen. Milango yote miwili imo ndani ya ulimwengu wa kawaida na haidai hadithi kuu iwe imekwisha. Lakini menyu ya kuanza mchezo mpya ina njia nyingine: mchezaji anaweza kuchagua nyongeza peke yake, akakabidhiwa Geralt aliye tayari, wa leveli 32 kwa ile ya kwanza na 34 kwa ya pili, mwenye silaha na mavazi yanayolingana. Studio hiyo ilirudia utaratibu huo kwa Phantom Liberty, nyongeza ya Cyberpunk 2077 iliyotoka tarehe 26 Septemba 2023. Anayepita njia ndefu husubiri hadi amalize mambo ya kundi la Voodoo Boys kule Pacifica, kisha mhusika aitwaye Songbird humpigia simu V, mhusika mkuu. Mwenye haraka huchagua kwenye menyu kurukia hapo moja kwa moja. Nyongeza hiyo iliuza nakala milioni 3 katika wiki yake ya kwanza, na walioifikia kwa njia ndefu hawakupungukiwa na chochote kwa sababu wengine walipita njia ya mkato.

Wapo wanaosema njia ya mkato inaharibu kazi ya sanaa. Anayerukia Phantom Liberty, wanasema, hamjui vya kutosha Johnny Silverhand, mwenzake V katika hadithi, hajaonja woga wa V wa kufa, na chaguo zitakazomkabili mwishoni hazitamuuma inavyopasa. Nakubali kwamba hasara ipo, na menyu ingefanya vyema kuitaja waziwazi. Hata hivyo, pingamizi hilo linamfikiria mtu mmoja tu, mvivu asiyetaka kupitia mwanzo, na kumsahau mwingine ambaye ndiye mwenye haki zaidi: yule aliyekwisha kupitia. Cyberpunk 2077 lilitoka Desemba 2020, na nyongeza ikaja baada ya karibu miaka mitatu. Katika muda huo mtu hubadilisha mashine, huuza ya zamani, hufuta sevu, yaani maendeleo ya mchezo aliyohifadhi, ili kupata nafasi, hupata mtoto. Alishamaliza hadithi yote na kuipenda, ndiyo maana ananunua nyongeza. Kumwambia arudie makumi ya saa za mwanzo hakumfundishi jambo ambalo halijui. Ndipo hata utetezi wangu kwa Elden Ring unapochechemea, kwani kati ya Februari 2022 gemu lilipotoka na Juni 2024 ilipita miezi 28, na mtu aliyekuwa ameanza mzunguko mpya wa mchezo kwa mhusika wake alitakiwa amuue Mohg tena katika mzunguko huo. Mkono wake ulikwisha kutenda kitendo kile, na mchezo ukakataa kukikumbuka. Akaunti ya mtumiaji huhifadhi mafanikio yake. Kuyakubali mafanikio hayo kuwa ufunguo kungeilinda hadithi bila kumwadhibu aliyeitekeleza.

Studio ya FromSoftware haikuwa siku zote na uwazi iliouonyesha ilipotangaza masharti ya Elden Ring. Artorias of the Abyss, nyongeza ya Dark Souls ya mwaka 2012, ilifichwa kwa namna ambayo leo ni vigumu kuitetea. Mchezaji alipaswa kumuua golemu wa dhahabu katika bonde la Darkroot ili amwokoe binti wa mfalme aitwaye Dusk, kisha aende mbali, kwenye maktaba ya Duke, amuue golemu mwingine aliyebeba kidani kilichovunjika, ndipo arudi pale pale alipomwokoa Dusk. Mchezo haukumwonyesha mahali kidani kilipo. Mashabiki hulitetea fumbo hili kwa kusema kwamba kutafuta ndiyo raha ya Dark Souls, na katika gemu la msingi wana haki: ukuta wa uongo ambao hukuugundua haukukuondolea kitu ulichokilipia kwa jina lake. Nyongeza imelipiwa kwa jina lake. Kuiuza kisha kuificha ni sawa na kumuuzia mtu kiwanja kisicho na njia ya kukifikia, ukamwachia yeye kutafuta upenyo kwa majirani. Fumbo lina mahali pake pazuri zaidi, nalo ni ndani, baada ya kizingiti.

Jambo hili linatugusa wasomaji wa Kiswahili kwa namna ya pekee. Magemu niliyoyataja hayana maandishi ya Kiswahili. Kijana wa Mbeya, wa Bukavu au wa Mombasa anayemsikiliza mhusika akinong'ona kwa Kiingereza cha kale mahali anapotakiwa kwenda anabeba mzigo mara mbili: fumbo lenyewe, na lugha ya fumbo. Mlango unaotegemea kidokezo kimoja kilichofichwa katika maelezo ya kifaa humwacha nje kabla ya mwenzake wa London, hata kama mikono yao inalingana kwa ustadi. Alama kwenye ramani, au mstari mmoja katika orodha ya misheni, ungempunguzia mzigo huo, na mwenzake asingepoteza chochote.

Wengine hukosea upande wa pili, kwa kumletea mchezaji mlango kabla hajauomba. Fallout: New Vegas, likinunuliwa pamoja na nyongeza zake zote, hummiminia mchezaji mpya taarifa za mawimbi ya redio mara tu anapotoka nyumba ya daktari aliyemtibu, akiwa bado hajui hata kijiji kinaitwaje. Skyrim likiwa na Dawnguard huwaleta wanyonya damu mijini, na wafanyabiashara wanaouawa hapo hawafufuki. Ila New Vegas hilo hilo lina mlango mmoja ambao ningewapa watengenezaji wengine kama somo. Nyongeza yake ya kwanza, Dead Money, ni katili: hukunyang'anya silaha zako na hukufungia ndani mpaka umalize. Lakini kabla hujaingia, mchezo wenyewe hukuambia leveli inayofaa na hukuonya kwamba hutaweza kurudi hadi mwisho. Onyo halikuipunguzia nyongeza hiyo hofu yake hata kidogo. Anayedai kwamba uwazi huua mvuto acheze hiyo kwanza.

Kufuli lingine halimo ndani ya mchezo kabisa, nalo linauma zaidi kwetu. Horizon Forbidden West lilitoka Februari 2022 kwa PlayStation 4 na PlayStation 5. Nyongeza yake ya Aprili 2023, Burning Shores, inadai hadithi kuu iwe imekamilika, sharti ambalo naliona la haki kwa kuwa inaendelea pale hadithi ilipoishia. Lakini inadai pia PlayStation 5. Phantom Liberty nayo haikuja kwenye mashine za kizazi kilichopita, ingawa gemu la msingi liliuzwa humo. Sababu za kiufundi zipo na sizipingi. Lakini PS4 bado ni mashine ya sebule nyingi za Afrika Mashariki, na mwenye nayo alinunua nusu ya kwanza ya hadithi bila mtu kumwambia kwamba nusu ya pili itatolewa kwenye mashine asiyoweza kuimudu.

Atakayejibu kwamba yote haya yako mtandaoni, kwamba dakika moja ya utafutaji inatosha, anahamisha wajibu. Mashabiki wanaoandika maelekezo hufanya kazi hiyo bila malipo, na mara nyingi maelekezo huja yamebeba siri za hadithi ambazo msomaji hakutaka kuzijua. Anayenunua kwa bando la simu, akapakua makumi ya gigabaiti kwa usiku kadhaa, hawezi kuijaribu nyongeza kwanza kisha akaamua. Ukurasa wa duka una nafasi ya picha kumi na sifa za wakosoaji. Una nafasi pia ya mistari mitatu inayotaja misheni inayotangulia, saa ambazo mchezaji wa kawaida hutumia kuifikia, na mashine inayohitajika. Mistari hiyo inahitajika zaidi katika matoleo yanayouza gemu na nyongeza pamoja, kama lile la Shadow of the Erdtree Edition, kwa sababu mnunuzi wake analipia siku ya kwanza ardhi ambayo huenda asiikanyage kwa miezi, na ndiye pekee kati ya wote niliowataja ambaye hana namna ya kujua hivyo kutokana na uzoefu wake mwenyewe.