Bwawa la Kidatu: Ukuta wa Mawe na Akiba ya Maji



Mashine ya chama inapozimika mpunga ukiwa bado haujakobolewa, wanachama humwuliza Katibu umeme umekwenda wapi. Ni nadra mtu kuuliza maji yamekwenda wapi. Hata hivyo, kwa miaka mingi katika nchi yetu maswali hayo mawili yalikuwa na jibu moja. Yafaa basi tueleze jinsi Bwawa la Kidatu linavyofanya kazi, na jinsi kazi hiyo inavyohusiana na mifereji ya vyama vyetu.

Bwawa hili limejengwa katika Mto Ruaha Mkuu, penye Milima ya Udzungwa, Mkoa wa Morogoro. Sehemu ya kwanza ya mitambo ilianza kufua umeme mwaka 1975, na ya pili mwaka 1980. Uwezo wake wote ni megawati 204. Kwa muda mrefu hapakuwa na kituo cha nguvu za maji kilichoizidi Kidatu nchini. Siku hizi Bwawa la Julius Nyerere, lenye uwezo wa megawati 2,115, limeipita mbali. Lakini mto ni ule ule: maji yanayotoka Kidatu huingia Rufiji na kulifikia bwawa hilo pia.

Ukuta wa Kidatu una kimo cha mita 40 hivi na urefu wa mita zipatazo 350. Haukujengwa kwa zege, bali kwa mawe na udongo. Huenda msomaji akashangaa, kwa kuwa mawe yaliyorundikwa yana mianya tele. Katika kuta za namna hii kazi hugawanywa. Katikati huwekwa kiini cha udongo usiopitisha maji, ulioshindiliwa tabaka juu ya tabaka. Kandokando yake hutandazwa mchanga na kokoto, ili maji kidogo yanayojipenyeza yasiondoke na chembe za udongo. Nje kabisa hupangwa mawe, ambayo kwa uzito wake huhimili msukumo wa maji. Adui mkubwa wa ukuta huo ni maji yanayopita juu yake, kwani huweza kuumomonyoa na kuubomoa. Ndiyo sababu hujengewa njia maalumu ya kupitishia mafuriko.

Kutoka bwawani, maji huingia katika handaki lililochimbwa mwambani, lenye urefu wa karibu kilomita 10. Kisha huanguka kimo cha mita 175 hivi na kuizungusha mitambo iliyo chini ya ardhi. Kwa kukadiria, kila lita 1,000 zinazoanguka kimo hicho hutoa umeme unaopungua kidogo nusu ya uniti.

Na tupige hesabu kidogo. Ili mitambo yote ifanye kazi kwa nguvu zake zote, huhitaji kiasi cha mita za ujazo 130 kila sekunde. Maji ya Kidatu yanayoweza kutumika ni mita za ujazo zipatazo milioni 125. Mto ukikauka leo, bwawa likiwa limejaa, akiba hiyo ingekwisha katika muda wa siku 11 hivi. Kwa sababu hiyo lilijengwa bwawa la akiba huko Mtera, mpakani mwa Mikoa ya Dodoma na Iringa, likakamilika mwanzoni mwa miaka ya 1980. Akiba yake inayotumika ni mita za ujazo zipatazo milioni 3,200, yaani zaidi ya mara 25 ya Kidatu. Mwaka 1988 Mtera nayo ilianza kufua umeme, na uwezo wake ni megawati 80.

Hapa ndipo penye fundisho. Bwawa ni ghala, na ghala halizai nafaka. Hutunza kile kilicholetwa. Mtera hupokea maji ya Ruaha Mkuu, yanayoanzia milima ya kusini na kupita katika mashamba ya mpunga ya Usangu. Tangu mwaka 1993 mto huo umekuwa ukikauka wakati wa kiangazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha. Mwaka 2006 maji ya Mtera yalishuka chini ya kiwango cha kufulia umeme, ambacho ni mita 690 juu ya usawa wa bahari, na nchi ikaingia katika mgao mkali wa umeme.

Wakulima walilaumiwa sana. Si haki kuwatwika mzigo wote, kwani Mtera hujazwa zaidi na mafuriko ya masika kuliko maji machache ya kiangazi. Tena upungufu wa mvua na namna maji yanavyofunguliwa bwawani vina sehemu yake. Lakini pia si kweli kwamba banio linaloachwa wazi mwaka mzima halimdhuru mtu. Wa kwanza kuumia ni jirani wa chini ya mto, kisha wanyama na samaki. Hatimaye dhara huweza kumrudia mwenye banio, mpunga wake ukiwa ghalani nao umeme wa kuukobolea haupo.

Kwa hiyo vyama vinavyotumia mifereji vinaombwa kuzingatia haya:

1. Banio lifungwe mavuno yakikaribia, na maji ya ziada yarudishwe mtoni.

2. Kibali cha maji kiwemo katika jalada la chama, na kiasi kilichoandikwa kisizidishwe.

3. Chama kishiriki katika jumuiya ya watumiaji maji ya mto wake, kama Sheria Na. 11 ya mwaka 2009 inavyoruhusu, ili zamu zipangwe kwa mapatano na si kwa ugomvi.

4. Kilimo kisisogee ndani ya mita 60 za kingo za mto. Udongo unaosombwa hutua bwawani na kupunguza nafasi ya maji.

Ushirika ulitufundisha kwamba akiba ya wengi haichotwi na mmoja kwa siri. Maji ya mto nayo ni akiba ya wengi. Makatibu wanaombwa kulisoma jambo hili mbele ya wanachama kabla mabanio hayajafunguliwa kwa msimu ujao.