Dai la Bima ya Mbwa Huanzia Kwenye Faili la Daktari

Kwa sheria za Marekani, mbwa ni mali. Anaweza kuwa na jina, kitanda chake na hata keki ya siku ya kuzaliwa, lakini bima yake inasimamiwa katika kundi la bima za mali na ajali, si bima za afya. Ndiyo maana mwenye mbwa hana kadi ya kuonyesha dirishani. Msomaji wa Nairobi au Dar es Salaam aliyezoea kufika hospitali, kukabidhi kadi na kusubiri jina lake liitwe, atashangaa akiona utaratibu wa huko. Mwenye mbwa anamaliza ankara yote kutoka mfukoni mwake, kisha anarudi nyumbani kuanza kudai.

Biashara yenyewe si ndogo. Mwaka 2023, kwa hesabu za NAPHIA, chama cha kampuni za bima za wanyama za Amerika ya Kaskazini, wanyama wapatao milioni 5.7 walikuwa na bima nchini Marekani, na ada zilizokusanywa zilifika takriban dola bilioni 3.9. Kumkatia mbwa bima ya ajali na magonjwa kuligharimu wastani wa dola 675 kwa mwaka. Paka, dola 383. Hata hivyo hao milioni 5.7 hawafiki hata mmoja katika kila ishirini wa mbwa na paka wa nchi ile. Waliobaki hutibiwa kwa fedha taslimu, kwa kadi ya mkopo, au hawatibiwi.

Waswidi ndio walioanza. Bima ya farasi na ng'ombe ilikuwepo kwao tangu 1890, na mwaka 1924 mbwa akaingizwa. Uingereza ilifuata mwaka 1947. Marekani ilichelewa hadi 1982, kampuni moja ya California ilipotoa mkataba wake wa kwanza kwa Lassie, mbwa wa televisheni. Tangazo zuri kuliko hilo lingetoka wapi?

Tuje kwenye dai lenyewe. Nyaraka zinazotakiwa ni chache na hazina siri: fomu ya madai, ambayo siku hizi hujazwa kwenye simu, ankara yenye mchanganuo wa kila huduma na bei yake, uthibitisho kwamba imelipwa, na faili la matibabu. Ankara iliyoandikwa "matibabu, dola 1,800" hurudishwa siku hiyohiyo. Kampuni inataka kuona eksirei peke yake, dawa ya usingizi peke yake, vipimo vya damu peke yake, kwa sababu mkataba unaweza kulipia eksirei na usilipie ada ya kumwona daktari. Muda nao una ukomo. Kampuni nyingine hutoa siku 90 tangu matibabu, nyingine 180, na anayeweka risiti kwenye droo akisubiri zijae atakuta nusu yake zimekwisha muda.

Baada ya hapo huja hesabu, na hapa wateja wengi hulalamika kwamba wamepunjwa ilhali ni mkataba tu hawakuusoma. Chukua mbwa aliyemeza soksi na kufanyiwa upasuaji wa dola 4,000. Mkataba unasema ekses, yaani sehemu ambayo mteja anajibebea kabla kampuni haijatoa chochote, ni dola 500, na kampuni hulipa asilimia 80. Ekses ikitolewa kwanza, zinabaki dola 3,500, na asilimia 80 yake ni dola 2,800. Lakini mkataba mwingine hupiga asilimia kwanza: 80 ya 4,000 ni 3,200, toa 500, mteja anapokea dola 2,700. Mbwa ni yuleyule na soksi ni ileile, lakini dola mia zimepotea kwa sababu ya mpangilio wa sentensi mbili kwenye ukurasa ambao hakuna aliyeufungua. Tena kuna mikataba ambayo ekses hukatwa mara moja kwa mwaka, na mingine, kama ya kampuni ya Trupanion ya Seattle, hukatwa mara moja kwa kila ugonjwa kwa maisha yote ya mnyama. Kwa mbwa mwenye kisukari, huu wa pili ni nafuu kubwa. Kwa mbwa anayeugua kitu kipya kila msimu, ni mzigo.

Hesabu, hata hivyo, huja baada ya uamuzi. Mtathmini wa madai haanzi na ankara ya leo. Anaanza na faili, na analisoma kutoka nyuma.

Anachotafuta ni dalili yoyote iliyoonekana kabla bima haijaanza, au ndani ya kipindi cha kusubiri, ambacho kwa magonjwa mara nyingi huwa wiki mbili hadi siku 30. Bima za wanyama karibu zote hazilipii maradhi ya zamani, na ugonjwa huhesabiwa wa zamani hata kama haukuwahi kupewa jina. Dalili inatosha. Tuseme mwenye mbwa amempeleka jike wake wa labrado kwa chanjo. Katika maongezi anamwambia daktari kwamba siku hizi mbwa akitoka kukimbia huchechemea kidogo. Daktari anamshika goti, haoni kitu, anaandika mstari mmoja: mmiliki anasema anachechemea mguu wa nyuma wa kulia, mara mojamoja, tangu mwaka jana. Chanjo inachomwa, watu wanaondoka. Miezi minane baadaye kano ya goti hilo inakatika, upasuaji unagharimu maelfu ya dola, na dai linakataliwa kwa maneno matatu: tangu mwaka jana. Bima ilikatwa mwezi wa tatu mwaka huu.

Na mkasa hauishii hapo. Mikataba mingi ina kifungu cha pande mbili: goti la kulia likiwa limeugua kabla ya bima, la kushoto nalo huondolewa, kwa hoja kwamba mbwa aliyekatika kano upande mmoja ana uwezekano mkubwa wa kukatika upande wa pili. Kitabibu hoja hiyo ina msingi. Kwa mteja, ni kulipa ada ya mbwa mwenye miguu minne na kukatiwa bima ya miwili.

Madaktari wanalijua hili na wengine limewakera. Faili la daktari liliandikwa kwa ajili ya daktari mwenzake, si kwa ajili ya wakili. Neno "labda" au "tangu zamani" lililoandikwa haraka baina ya wagonjwa wawili sasa lina thamani ya fedha. Ushauri ambao madalali wa bima waaminifu huwapa wateja wao ni kuomba nakala ya faili lote mapema, kulisoma, na kumwomba daktari asahihishe kilichoandikwa vibaya wakati bado anakumbuka. Kusahihisha si kughushi. Anayeomba mstari wa kweli ufutwe anamwingiza daktari wake kwenye udanganyifu, na leseni inayohatarishwa si ya mteja.

Uingereza ina sura yake. Huko soko limekomaa zaidi, na mwaka 2022 kampuni za bima zililipa madai ya wanyama yanayozidi pauni bilioni moja. Petplan, iliyoanzishwa mwaka 1976, iliwazoesha Waingereza bima ya maisha yote, ambayo kiwango chake hujazwa upya kila mwaka. Kando yake ipo mikataba ya bei rahisi yenye kikomo cha miezi kumi na miwili kwa kila ugonjwa, na tofauti kati ya hiyo miwili haionekani hadi mnyama apate ugonjwa usiopona. Paka mwenye figo mbovu akiwa na bima ya miezi kumi na miwili hulipiwa mwaka wa kwanza, kisha figo zake hufutwa kwenye mkataba moja kwa moja. Mmiliki anaendelea kulipa ada kwa ajili ya sehemu nyingine za paka.

Swali la nani atangulize fedha ndilo ambalo kila kampuni mpya inajaribu kulijibu. Uswidi, ambako inakadiriwa mbwa tisa katika kumi wana bima, ilipata jibu zamani: kliniki huwasiliana na kampuni mnyama akiwa bado mezani, na mteja hulipa sehemu yake tu. Jambo hilo linawezekana kwa kuwa karibu kila anayeingia mlangoni ana bima, na kampuni zenyewe ni chache. Katika kliniki ya Texas inayohudumia wenye bima wachache kutoka kampuni chungu nzima, mhudumu wa mapokezi hana sababu ya kujifunza mifumo yote hiyo. Trupanion iliweka programu yake ndani ya kompyuta za kliniki ili ilipe kabla mteja hajaondoka. Lemonade, iliyoingia kwenye bima ya wanyama mwaka 2020, inajivunia kwamba sehemu ya madai hulipwa na programu bila mkono wa mtu. Madai hayo, ni wazi, si yale ya goti. Programu hulipa chanjo na kuhara. Goti hupelekwa kwa msoma mafaili.

Hapa kwetu bima ya aina hii hufahamika zaidi zizini. Nchini Kenya mfugaji wa ng'ombe wa maziwa anaweza kumkatia bima mnyama mmoja mmoja: daktari wa mifugo anampima na kumthamini, na hereni ya sikioni inakuwa kitambulisho chake. Ng'ombe akifa, dai linategemea ripoti ya daktari ya chanzo cha kifo na ile hereni. Ni mantiki ileile ya faili, ila hapa daktari anaweza kuwa mbali na mzoga hausubiri. Kwa wafugaji wa kuhamahama utaratibu huo haukuwezekana kabisa. Mwaka 2010 taasisi ya utafiti wa mifugo ya ILRI na washirika wake walianzisha Marsabit bima isiyohitaji dai lolote: setilaiti hupima ukijani wa malisho, ukishuka chini ya kiwango kilichokubaliwa, kila mwenye bima katika eneo hilo hulipwa, mifugo wake wawe wamekufa au la. Malipo ya kwanza yalitoka mwaka 2011, mwaka wa ukame mkali. Kasoro yake ni kinyume cha ile ya Marekani, kwani mtu anaweza kupoteza mbuzi wote huku setilaiti ikiona majani.

Kwa mwenye dai lililokataliwa, njia ya rufaa ipo, na haipiti kwenye hasira. Barua ya daktari inayoeleza kwa nini ugonjwa wa leo hauna uhusiano na dalili ya zamani, ikitaja vipimo na tarehe, ndiyo silaha. Mwaka 2022 NAIC, jumuiya ya wasimamizi wa bima wa majimbo ya Marekani, ilipitisha sheria ya mfano inayosema kwamba kampuni inayodai ugonjwa ni wa zamani ndiyo yenye wajibu wa kuthibitisha. Sheria hiyo pia imefuta kipindi cha kusubiri kwa ajali na kuweka kikomo cha siku 30 kwa magonjwa, ila inafanya kazi tu katika majimbo yaliyoipokea, Maine likiwa la kwanza. Uingereza mlalamikaji huenda kwa msuluhishi wa huduma za fedha, bila kulipa chochote, ndani ya miezi sita tangu kampuni itoe jibu lake la mwisho.

Kushinda dai moja, hata hivyo, hakuzuii bei kupanda. Matibabu ya wanyama yamepanda kwa kasi. Mamlaka ya ushindani ya Uingereza, iliyoanza kulichunguza soko hilo mwaka 2023, ilibaini kwamba kliniki zilizo chini ya makampuni makubwa zilikuwa asilimia 10 hivi mwaka 2013, na sasa zinakaribia asilimia 60. Eksirei imekuwa skani, na skani imezaa daktari bingwa. Kila hatua ina ankara, na kampuni ya bima huipeleka kwenye ada ya mwaka unaofuata.

Na mkataba ni wa mwaka mmoja. Katikati ya 2024 Nationwide, mojawapo ya kampuni kubwa kabisa za bima za wanyama Marekani, ilitangaza kwamba haitahuisha bima za wanyama wapatao 100,000, ikitaja kupanda kwa gharama za matibabu. Wengi wa wamiliki hao walikuwa hawajachelewesha ada wala kudanganya kwenye fomu. Kampuni nyingine ziko tayari kuwapokea mbwa wao, kwa sharti la kawaida: tuma faili lote la matibabu. Kila ugonjwa ambao Nationwide iliulipia kihalali, kwa ankara zenye mchanganuo na barua za daktari, kwa kampuni mpya ni maradhi ya zamani.