KOSA LA NANI, NA NANI ATALIPA?

Ndugu wafanyakazi,

Mwenzetu mmoja, taniboi wa lori la pamba, aliumia karibu na njia panda ya Kikorongo, lori likitoka Bwera kuja Kasese. Gari dogo lilikuwa likipita jingine kwenye kona. Dereva wa lori akakwepa, mzigo ukayumba, na mwenzetu aliyekaa juu ya magunia akatupwa chini. Mguu ukavunjika mahali pawili. Gari dogo halikusimama.

Siku ya tatu karani wa tajiri akamfuata hospitalini na shilingi chache, pamoja na karatasi ya Kiingereza. "Ulikaa juu ya mzigo, kosa ni lako. Tia dole gumba hapa, tajiri amekuhurumia."

Mke wake alikataa. Usiku ule ule alinijia nyumbani Kilembe, karatasi mkononi. Nilimwambia hivi, nanyi nawaambia: madai ni ya namna mbili, msiyachanganye.

FIDIA YA KAZINI

Hii hudaiwa kwa mwajiri. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya Uganda ya mwaka 2000 inasema mwajiri hulipa kwa ajali iliyotokana na kazi, hata kama mfanyakazi mwenyewe alizembea. Basi maneno ya karani hayakuwa na nguvu. Hata safari ya kwenda kazini au kurudi imo, ila ni juu yako kuonyesha kwamba ulikwenda moja kwa moja, hukupitia kwenye pombe.

Mfanyakazi akifa na kuacha watu waliomtegemea kabisa, fidia ni mishahara ya miezi 60. Aliyepata shilingi 300,000 kwa mwezi, hesabu yake ni 18,000,000. Mkisikia "pole" ya laki mbili, kumbukeni hesabu hiyo.

KESI YA UZEMBE

Hii ni juu ya dereva aliyekosa, na mwenye gari aliyemtuma. Tangu sheria ya mwaka 1989, kila gari barabarani lazima liwe na bima kwa ajili ya watu wengine. Hapa ndipo kosa hupimwa. Nani alipita kwenye kona? Nani alikimbiza gari? Na wewe ulikaa wapi? Mahakama ikiona hasara yako ni 10,000,000, na sehemu yako ya kosa ni 20 katika 100, utapata 8,000,000. Kosa lako hupunguza haki, haliifuti yote. Lakini jeraha moja halilipwi mara mbili.

Mwenzetu alilipwa fidia ya kazini, baada ya sisi kufika kwa ofisa wa kazi wa wilaya. Ile kesi ya pili ilikufa. Hakuna aliyeandika namba ya gari dogo. Mvua ilifuta alama za matairi. Mama aliyekaa mbele na dereva, aliyeona yote, alikwisha kuvuka Mpondwe kwenda sokoni Kasindi, na hatukumjua jina. Dereva wetu, kwa kuogopa kibarua chake, alisema hakuona kitu. Haki ilikuwepo; ushahidi ndio uliokosekana.

Kwa hiyo, ajali ikitokea:

1. Majeruhi kwanza. Kisha andikeni namba za magari yote, hata kwa mkaa juu ya gunia.
2. Chukueni majina na vijiji vya walioona.
3. Iteni polisi wapime magari yakiwa mahali pake, na muombe ripoti.
4. Mwarifuni mwajiri mapema, kabla mwezi haujaisha, na mbaki na nakala.
5. Msitie sahihi hospitalini. Mapatano ya fidia huandikwa na kukubaliwa na ofisa wa kazi.
6. Kesi ya uzembe ina miaka 3. Ikiwa gari ni la serikali, miaka 2.

Na wewe dereva unayesoma haya: siku moja utakayekuwa juu ya magunia ni wewe. Sema ulichokiona. Chama kitasimama nawe.

Mratibu wa Chama, Kilembe