Kiwewe kabla ya mechi ya vikapu si uoga

JE, tumbo hukuchafuka, viganja vikatoka jasho na moyo ukaenda mbio kila unapokaribia kuingia uwanjani kucheza mpira wa vikapu? Usijione mwoga. Bill Russell, aliyeshinda mataji 11 na Boston Celtics ya Marekani kati ya 1957 na 1969, alikuwa akitapika kabla ya mechi kubwa.

Unapokabiliwa na jambo zito, tezi zilizo juu ya figo humwaga homoni ya adrenalini katika damu. Moyo hudunda kwa kasi ili misuli ipate damu zaidi, nalo tumbo hupunguziwa yake. Ndiyo sababu unahisi kichefuchefu. Nguvu hiyo ni ya kukusaidia, mradi usiiache ikutawale.

Siku ya mechi, kula chakula chepesi muda wa saa mbili au tatu kabla ya kuanza. Epuka kahawa nyingi, kwani huzidisha mapigo ya moyo. Kisha pasha mwili moto jinsi ulivyozoea mazoezini.

Mchezoni, kiwewe huzidi unaporusha mpira wa adhabu, kwa kuwa macho yote yanakutazama. Udundishe mara zile zile unazodundisha mazoezini, vuta pumzi kwa pua, itoe polepole kwa mdomo, tazama ukingo wa kikapu, kisha urushe. Ukikosa, rudi mbio ukalinde, usijilaumu.

Hata hivyo, ukiumwa na kifua au ukizirai ukicheza, usidhani ni kiwewe. Acha mchezo ukamwone daktari.