PICHA YA GEMU: LEO YAKUSIFU, KESHO YAKUUMBUA!

Wiki hii tuwaache kidogo wapenzi wanaonuniana, wapatane wenyewe. Nina jambo jingine linalovunja urafiki wa vijana wengi hapa mjini, tena kimya kimya, wazazi hawana habari. Nazungumzia picha ya gemu. Ndiyo, ile skrinishoti unayoirusha kwenye grupu usiku wa manane ili washikaji wakome.

Unacheka? Ngoja nikupe mkasa.

Sisi tuko kumi na wawili. Wengine wako Sinza, wengine Temeke, mmoja yuko Mwanza na wala hatujawahi kumwona kwa macho. Kila Ijumaa jioni tunacheza gemu la mpira kwenye simu, wawili wawili, kila mtu kwao. Mshindi anapiga picha kioo chake, anairusha kwenye grupu, na mhasibu wetu anaandika pointi. Kila mmoja anachanga shilingi 2,000 na bingwa anaondoka nazo zote. Si hela ya kujengea nyumba, lakini heshima yake we acha tu!

Ijumaa moja mshikaji wetu mmoja, mpole, asiye na makuu, akarusha picha: 5-0! Tena aliyefungwa ni kigogo wa grupu, yule anayetuonea kila wiki. Kigogo mwenyewe hakuonekana, bando lilikuwa limekata. Basi grupu likalipuka. Vicheko, makofi, matusi ya kirafiki, mpaka wa Mwanza akapiga simu kutoa pongezi.

Halafu dada mmoja kati yetu, ambaye ana tabia ya kukuza picha mpaka aone vinyweleo, akauliza swali moja tu: "Kaka, mabao matano, mbona wafungaji wawili?"

Kimya.

Kumbe jamaa alibadilisha namba ya juu akasahau orodha ya wafungaji iliyoandikwa chini. Kesho yake kigogo alipopata bando akathibitisha: mechi iliisha 2-0. Yaani jamaa alikuwa ameshinda kweli! Ushindi wake halali, wa jasho lake, akauchafua mwenyewe kwa kutaka mabao matatu ya ziada. Akaingia mitini, simu hapokei, meseji hajibu.

Ndipo nikakaa nikawaza. Hii tabia ya kuoneshana picha za gemu imetoka wapi, na kwa nini inawatoa watu roho?

ILIANZIA POSTA

Asikudanganye mtu kwamba mambo haya yameanza na simu za kugusa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 huko Marekani, kampuni ya Activision, iliyoanzishwa mwaka 1979 na watengeneza gemu waliotoka Atari, ilibuni ujanja mmoja mtamu. Ukifikisha alama walizotaja, unapiga picha kioo cha televisheni yako, unaitia kwenye bahasha, unaipeleka posta. Wakiridhika wanakutumia beji ya kitambaa, unaishona kwenye jaketi na kutamba nayo mtaani. Kwa gemu la Pitfall!, lililotoka mwaka 1982, ulitakiwa kufikisha alama 20,000.

Na kuipata hiyo picha haikuwa lelemama. Televisheni zile za kichogo zilichora picha mstari baada ya mstari, kwa hiyo kamera ikifumba jicho haraka mno inanasa kipande tu, kwingine giza. Ukiwasha flashi ndiyo umeharibu kabisa, kioo kinarudisha mwanga na badala ya alama zako unapata doa jeupe. Ilibidi uzime taa, uitulize kamera juu ya kitu, ubonyeze, halafu uombe Mungu. Filamu iende kusafishwa, na siku ya kuichukua ndipo unajua kama una ushahidi au una kiza.

Huko huko Marekani, katika mji wa Ottumwa, jimbo la Iowa, bwana mmoja aitwaye Walter Day alifungua ukumbi wa gemu mwaka 1981 akauita Twin Galaxies. Akaanza kuandika nani ana alama nyingi kuliko wote, na jina hilo likageuka kuwa daftari kubwa la rekodi za gemu. Ukiandikwa humo, umefika.

SEKUNDE 5.51 ZILIZOZUA BALAA

Sasa sikia hii, maana inafanana na mkasa wa mshikaji wetu kama pacha.

Activision walikuwa na gemu la mbio za magari liitwalo Dragster, lililotoka mwaka 1980, kazi ya David Crane. Ni gemu fupi ajabu. Unakanyaga mafuta, unabadilisha gia, ukizidisha injini inalipuka. Ukimaliza chini ya sekunde 6 beji ni yako.

Mwaka 1982 kijana Todd Rogers akatambuliwa na kampuni kwa muda wa sekunde 5.51. Kwa maelezo yake, alituma picha kama wenzake. Twin Galaxies wakauweka muda huo kwenye rekodi zao, na Guinness nao wakaja kuutambua. Miaka ikapita, watoto wakazaliwa, wakakua, wakajifunza gemu lile lile la zamani, wakajaribu usiku na mchana. Hakuna aliyefikia 5.51. Wote waligota kwenye 5.57.

Watu wakaanza kunong'ona. Mwaka 2017 mtaalamu wa kompyuta, Eric Koziel, akaamua kulifungua gemu lenyewe. Hakumuuliza mtu, alizifuata hesabu zilizomo ndani hatua kwa hatua, na jibu likatoka: muda mzuri kuliko wote unaowezekana ni 5.57. Tofauti ni sekunde 0.06, hata kope haijamaliza kupepesa. Lakini hesabu hazina mjomba wala shangazi.

Rogers alishikilia kuwa muda wake ni halali. Tatizo ni kwamba wakati ubishi umepamba moto, ile picha ya mwaka 1982 haikuonekana mezani. Januari 2018 Twin Galaxies wakafuta alama zake zote, si za Dragster peke yake, na Guinness wakafuata njia hiyo hiyo. Miaka 35 ya sifa ikaenda na maji.

Mimi hapa simwiti mtu mwongo. Ninachokwambia ni kwamba picha ni shahidi, na shahidi asipokuwepo siku ya kesi, jina lako linabaki linaning'inia. Na akiwepo lakini umemfundisha uongo, ndiyo yaliyomkuta mshikaji wetu: juu anasema matano, chini anasema mawili.

SIKU HIZI NI KITUFE TU

Leo mambo yamerahisishwa mpaka raha. PlayStation 4 ilipotoka Novemba 2013, pedi yake ilikuja na kitufe maalumu cha kushirikisha wenzako unachokiona. Nintendo Switch ya mwaka 2017 nayo ina kitufe chake cha kupiga picha. Kwa wanaocheza kwenye kompyuta kupitia Steam, ni kubonyeza F12 tu, kazi imekwisha.

Tena siku hizi si kila mtu anatafuta kutambia alama. Kuna wenzetu wanapiga picha za gemu kama wapiga picha wa harusi. Gran Turismo 4, iliyotoka Japani mwishoni mwa mwaka 2004, ilimpa mchezaji nafasi ya kuligeuza gari lake kuwa mwanamitindo: unachagua mahali, unasogeza kamera, unarekebisha lenzi, unapiga. Baadaye gemu nyingi zikaiga. Sasa utamkuta mtu amesimamisha vita katikati, adui amenyanyua panga, yeye anazungusha kamera anatafuta mwanga upige vizuri. Nusu saa nzima! Akiirusha picha kwa wenzake hatafuti wa kumshinda, anataka mtu aseme tu, "Duh, hapa umetisha."

Hao nawapenda. Picha yao haina mshindi wala mshindwa, na hakuna anayetoka na kisirani.

PICHA INAROPOKA!

Lakini ngoja nikuchane ukweli. Picha inaweza kusema hata usiyoyajua.

Mwaka 2012 wachezaji wa World of Warcraft waligundua kitu kilichowasisimua nywele. Picha zilizopigwa ndani ya gemu hilo kwa ubora wa chini zilikuwa na alama ndogo zilizofichwa kwenye rangi, macho ya kawaida hayazioni. Walipozichambua wakakuta mna utambulisho wa akaunti ya mchezaji, saa ya kupiga picha, na seva aliyokuwa akichezea. Watu walikuwa wamezigawa picha hizo kwa miaka bila kujua wamebeba kitambulisho mgongoni.

Wewe hapa Bongo huna haja ya kwenda mbali kote huko. Tazama juu ya kioo cha simu yako unapopiga skrinishoti. Meseji ya hela imeingia, salio linaonekana. Meseji ya shemeji nayo imo, tena ina maneno yake. Unarusha kwa watu kumi na moja, kisha unashangaa kesho wote wanakukopa!

Na ukipiga picha televisheni kwa kamera ya simu ndiyo hatari zaidi. Kama umeruhusu kamera kuandika mahali ulipo, faili inaweza kubeba eneo la nyumba yenu. Halafu kioo kikiwa cheusi kinakuwa kama kioo cha kabati: unaonekana wewe, bukta yako, na vyombo visivyooshwa nyuma yako. Usiseme sikukwambia.

Kubwa kuliko yote ni namba za kuthibitisha akaunti. Ukitumiwa namba hiyo kwenye simu, mtu akakuomba skrinishoti "akusaidie", mkatalie hata kama anajiita kaka. Akiipata namba hiyo pamoja na neno lako la siri, akaunti uliyoilea miaka miwili inaweza kuhama mikono kabla chai haijapoa.

UKITAKA KUDUMU NA WENZAKO

Kwanza, picha ya ushahidi irushe nzima. Ukiikata pembeni hata kwa nia njema, watu watajiuliza ulikata nini. Kama kuna siri, ifunike kwa rangi nzito kabisa, usiipake ukungu, maana ukungu mwepesi wengine wanausoma.

Pili, tunza picha yenyewe ya mwanzo kwenye simu yako. WhatsApp huibana picha ukiituma kwa njia ya kawaida, na herufi ndogo zinavurugika. Ukitaka ifike ilivyo, itume kama hati.

Tatu, usiwamwagie wenzako mwisho wa hadithi. Mtu amejinyima wiki tatu anunue gemu, wewe unamrushia picha ya shujaa amelala kwenye jeneza. Huo ni ukatili! Toa onyo kwanza, anayetaka aangalie.

Nne, picha ya mwenzako si yako. Ukiipenda, sema ni ya nani. Kuitia jina lako ni wizi, hata kama haina polisi.

Sasa bila shaka unataka kujua mshikaji wetu aliishia wapi. Alipotea wiki mbili. Wiki ya tatu, Ijumaa, saa mbili usiku, grupu limetulia, tukaona jina lake. Hakuandika hotuba. Alirusha picha moja, nzima, haijakatwa, chaji asilimia 9 inaonekana na meseji ya mama yake kumwita kula ipo juu pale pale. Alikuwa amecheza tena na kigogo. Matokeo: amefungwa 4-1, na wafungaji wote watano wameandikwa chini.

Akaandika maneno mawili tu: "Hesabuni wenyewe."

Yule dada akaikuza, akahesabu, akasema, "Zimetimia." Bwana wee, makofi yaliyopigwa siku ile hatujawahi kumpigia bingwa yeyote. Wa Mwanza akapiga simu tena.

Haya, msomaji wangu, nenda kacheze. Ukishinda rusha picha, ukifungwa rusha pia. Tukutane wiki ijayo, panapo majaliwa.