Je, Wajua? Kompyuta Iliyotafuta Maskini

Siku za korona mwaka 2020, nchini Togo, akili mnemba ilisaidia kuchagua wa kupewa pesa bila mtu kubisha hodi. Serikali na shirika la hisani la GiveDirectly waliitumia kusoma picha za setilaiti, kisha namna watu wanavyotumia simu: wanapiga mara ngapi, bando wanalomaliza. Pesa ziliingia kwenye simu, hata ya kitochi. Wanawake walipata zaidi kidogo kuliko wanaume!

Miaka kadhaa kabla, magharibi mwa Kenya, shirika hilohilo lilijaribu programu ya kutazama mapaa tu kwenye picha za setilaiti. Mabati hung'aa juani, nyasi za nyumba ya maskini hazing'ai.

Na asiye na laini ya simu? Huko Togo, huyo hakuonekana.