Mwanamke wa Amboseli Aliyenyamazishwa

Ukitoka Kitengela kuelekea Namanga, mabango ya kuuza ploti yanakusindikiza hadi Isinya. Nyuma yake seng'enge zimekatakata nyanda, na nyumbu waliozoea kushuka huku kutoka Mbuga ya Nairobi msimu wa mvua hawana tena njia. Kila nikipita hapo namkumbuka mwanamke ambaye sijasikia akitajwa Kajiado hata siku moja, ingawa alikuja kupigwa picha papa hapa kwetu, chini ya Kilimanjaro.

Dinah Sheridan alizaliwa London mwaka 1920. Alikwisha kucheza filamu kadhaa ambazo leo hazikumbukwi, ndipo studio ya Ealing ilipomleta Amboseli kwa ajili ya Where No Vultures Fly, iliyoongozwa na Harry Watt na kutoka mwaka 1951. Anthony Steel ndiye Bob Payton, askari wa wanyamapori aliyechoshwa na mauaji ya wanyama akaamua kuanzisha hifadhi. Sheridan ni Mary, mkewe, mwenye mtoto wa kulea na mume ambaye akili yake yote iko porini. Kisa chenyewe kilichotwa katika maisha ya Mervyn Cowie, mzaliwa wa Nairobi aliyepigania mbuga za taifa hadi ile ya Nairobi ikatangazwa mwaka 1946. Ndiyo hiyo hiyo ambayo upande wake wa kusini uliachwa wazi bila ua, ili wanyama watoke kuja Kitengela.

Mwaka 1953 Sheridan akacheza Genevieve, kichekesho cha mashindano ya magari ya kale, na Uingereza nzima ikamjua. Mwaka uliofuata aliolewa na John Davis, mkuu wa kampuni ya filamu ya Rank. Davis akamtaka aache kuigiza, naye akaacha. Kutoka filamu ya Amboseli hadi kimya hicho ni miaka mitatu tu. Inaniuma kwamba aliyemfungia mlango ni mtu aliyekula mkate wa sinema. Ndoa ilivunjika mwaka 1965, akarudi kazini, na mwaka 1970 akawa mama katika The Railway Children. Alifariki mwaka 2012.

Filamu ile inatutazama kwa macho ya mkoloni, sitaficha. Lakini ndani yake mna Wamaasai wa nchi hii, na nyika ya Kajiado kabla ya seng'enge. Aliyekuwa mtoto wa miaka kumi kamera zilipofika sasa amepita themanini. Kaunti na itafute nakala, iioneshe Kajiado mjini, Bisil na Loitokitok, wazee wakae mbele, na karani akae kando yao na kalamu, aandike kila jina watakalolitambua. Tusingoje mwaka mwingine.